Lokichar: Ziwa lililozikwa chini ya jangwa

UKITOKA Kitale asubuhi kuelekea Lodwar, unaanza safari ukiwa na sweta na unaimaliza ukitafuta kivuli. Mahindi ya Trans Nzoia yanakusindikiza mpaka karibu na Kapenguria, kisha barabara inaingia milimani, inapindapinda ikipita Ortum na Marich, na abiria wenye tumbo jepesi huomba wakae karibu na dirisha. Baada ya Kainuk, mpakani mwa kaunti za Pokot Magharibi na Turkana, nchi inafunguka ghafla. Milima inabaki nyuma, kijani kinapungua, na joto linaingia garini bila kubisha hodi.

Kutoka hapo ni mawe, mchanga, migunga na vichaka vya mathenge. Mbuzi wanatembea kwa makundi, ngamia wananyoosha shingo juu ya miti ya miiba. Kila baada ya muda barabara inavuka mto usio na maji. Wenyeji huuita mto wa namna hiyo laga. Kwa miezi mingi laga ni mchanga mtupu. Ikinyesha mlimani hujaa kwa saa chache, hubeba kila kilicho njiani, kisha hukauka tena kana kwamba hakukuwa na kitu.

Kilomita 80 hivi kabla ya kufika Lodwar unaingia Lokichar. Kwa macho ni mji wa barabarani kama mingine: maduka ya bati, hoteli za chai na chapati, bodaboda zinazongoja abiria, malori yanayopumzika. Kwa miaka mingi Wakenya wengi walipita hapa bila hata kuuliza jina la mahali. Mambo yalibadilika Machi 26, 2012, Rais Mwai Kibaki alipotangaza kwamba mafuta yamepatikana Turkana, katika kisima kilichopewa jina Ngamia-1. Tangu siku hiyo jina la Lokichar limekuwa likitajwa bungeni, mahakamani, katika ofisi za kampuni za ng'ambo na katika mikutano ya wazee chini ya miti.

Lakini ili kuelewa kilicho chini ya Lokichar, na kwa nini hadi leo kimeleta maneno mengi kuliko fedha, inafaa kuanza mbali zaidi ya 2012. Inafaa kuanza na maji.

Beseni la mawe

Watu wengi hudhani mafuta hukaa chini ya ardhi kama ziwa jeusi ndani ya pango, na kwamba kazi ni kutoboa na kuteka. Sivyo. Mafuta hukaa ndani ya mawe, katika vitundu vidogo visivyoonekana kwa macho, jinsi maji yanavyokaa ndani ya mchanga wa laga. Na mawe yenyewe lazima yawe ya aina fulani, yamepangwa kwa utaratibu fulani, mahali palipozama na kujaa taratibu kwa muda mrefu mno. Mahali pa namna hiyo wataalamu hupaita beseni, na jina hilo linafaa, maana ni shimo kubwa la ardhi lililopokea kila kilichomwagwa na mito.

Beseni la Lokichar lilianza kuzama zaidi ya miaka milioni 25 iliyopita, Bonde la Ufa lilipokuwa bado changa na upande huu wa Afrika ulipoanza kuvutwa huku na huku hadi ukapasuka. Upande wa magharibi ardhi ilikatika kwa ufa mrefu. Sehemu ya mashariki ya ufa huo ikawa inateremka polepole, huku vilima vya mawe ya kale vya magharibi vikibaki juu. Ni kama mlango wa chini ya sakafu uliofungwa bawaba upande mmoja: mashariki hauzami sana, magharibi unazama zaidi na zaidi.

Beseni hili halifiki kilomita 100 kwa urefu. Gari zuri lingelivuka kwa asubuhi moja kama kungekuwa na barabara. Lakini kwenda chini ni jambo jingine. Mahali palipozama zaidi, mashapo yamejaa kwa kina cha takriban kilomita 7. Yaani mchanga, kokoto na tope lililoletwa na mito, tabaka juu ya tabaka, limerundikana kwa kina kinachopita urefu wa Mlima Kenya kutoka usawa wa bahari hadi kileleni.

Na kwa muda mrefu, katikati ya beseni hilo kulikuwa na ziwa.

Halikuwa Ziwa Turkana la leo. Hilo ni la baadaye sana, na liko mashariki na kaskazini zaidi. Ziwa la Lokichar lilikuwa la maji baridi, lenye kina, na wakati mwingine lilitanda sehemu kubwa ya beseni. Juu ya maji yake kulikua mwani mwingi. Mwani ulipokufa ulizama hadi chini kabisa, mahali pasipo na hewa, haukuoza ukaisha bali ulifunikwa na tope, kisha tope jingine, kisha jingine. Miaka ilipita kwa mamilioni. Tope likawa mwamba mweusi wa matabaka membamba. Wataalamu wameupa mwamba huo jina la Lokone, kutokana na vilima vilivyo mashariki mwa Lokichar, mahali ambapo mawe ya beseni hili yamesukumwa juu na kuonekana waziwazi. Mtu anayeenda Lokone kwa miguu anakanyaga juu ya ardhi kile ambacho mahali pengine kimefukiwa kilomita kadhaa chini yake.

Nyangumi wa Loperot

Kama kuna anayeona vigumu kuamini kwamba jangwa hili lilikuwa nchi ya maji, Loperot ina ushahidi wake.

Loperot iko kusini mashariki mwa Lokichar. Mwaka 1964 kijana mmoja Mmarekani, James Mead, aliyekuwa katika msafara wa Chuo Kikuu cha Harvard wa kutafuta visukuku, aliokota hapo kipande cha fuvu kilichogeuka jiwe. Halikuwa fuvu la tembo wala la mamba. Lilikuwa la nyangumi mwenye mdomo mrefu, wa jamii ya wale wanaopiga mbizi katika kina cha bahari kuu.

Kisukuku hicho kilipelekwa Marekani kuchunguzwa, na baadaye kikapotea kati ya vitu vya hifadhi. Kilikaa hivyo zaidi ya miaka 30. Kilionekana tena mwaka 2011 huko Harvard, na mwaka 2015 wanasayansi, akiwemo mtaalamu wa Makavazi ya Kitaifa ya Kenya, walichapisha walichojifunza kutokana nacho. Nyangumi huyo aliishi miaka milioni 17 iliyopita, na alikuwa na urefu wa karibu mita 7. Leo mahali alipookotwa pako kilomita 740 kutoka Bahari Hindi, na juu ya usawa wa bahari kwa mita 620.

Nyangumi hapandi mlima. Maelezo pekee yanayoingia akilini ni kwamba aliacha bahari, akapotea njia, akafuata mto mkubwa uliokuwa ukitiririka polepole kutoka bara hadi pwani, na akafia mbali na kwao. Ili jambo hilo liwezekane, nchi yote kutoka Loperot hadi baharini lazima iwe ilikuwa tambarare na ya chini. Wanasayansi walikadiria kwamba Loperot wakati huo ilikuwa mita 24 hadi 37 tu juu ya usawa wa bahari, na mvua ilikuwa ya kutosha kulisha mto na misitu.

Baadaye ardhi ya Afrika Mashariki iliinuka. Nyanda za juu zikakata njia ya mawingu yenye mvua kutoka baharini, misitu ikapungua, nyasi zikatawala, na upande wa Turkana ukakauka. Lodwar leo hupata takriban milimita 200 za mvua kwa mwaka, na si kila mwaka. Ziwa la Lokichar lilizikwa na mashapo, na volkano zikamwaga mawe ya moto juu ya sehemu ya mashapo hayo.

Kwa hiyo mzee wa Loperot anayechunga ngamia wake juu ya mawe makavu anachunga juu ya mahali palipofia nyangumi.

Namna mafuta yalivyopikwa

Mama yeyote aliyewahi kuchemsha githeri kwa mkaa anajua kwamba mapishi mazuri hayataki haraka wala moto mkali kupita kiasi. Moto ukiwa mdogo, mahindi hayaivi. Ukizidi, yanaungua. Ndivyo ilivyo chini ya ardhi. Mwamba wa Lokone, wenye mabaki ya mwani, ulivyozidi kufukiwa ndivyo ulivyozidi kupata joto, kwa kuwa kadiri unavyokwenda chini ndivyo ardhi inavyokuwa ya moto. Ulipofika kina kinachofaa, mabaki yale yalianza kugeuka mafuta. Kama ungeshuka zaidi na kupata joto jingi zaidi, yangegeuka gesi.

Mafuta ni mepesi kuliko maji, basi yalianza kupanda. Yalipenya kutoka kwenye mwamba wa tope hadi kwenye miamba ya mchanga, ile ambayo zamani ilikuwa mchanga wa mito na fukwe za ziwa. Mengine yalipotea. Mengine yalikutana na tabaka la tope gumu lililokaa kama kifuniko cha sufuria, au yakagonga ufa wa magharibi, yakakwama. Palipokwama ndipo visima vilipochimbwa.

Kujua palipo na kifuniko kulichukua muda. Katika miaka ya 1980 kampuni za mafuta zilipima ardhi ya Turkana kwa mitetemo: unatikisa ardhi, unasikiliza mwangwi unaorudi kutoka kwa kila tabaka, unachora picha ya kilicho chini. Mwaka 1992 kampuni ya Shell ilichimba kisima cha Loperot-1, karibu kilomita 3 kwenda chini. Dalili za mafuta zilikuwepo, hata kiasi kidogo kilitoka, lakini hakikutosha kuwafanya wabaki. Walifunga wakaondoka.

Miaka 20 baadaye, kampuni ya Tullow ya Uingereza ikishirikiana na Africa Oil ya Canada ilirudi kwenye picha zilezile za zamani, ikaongeza nyingine, na ikaamua kuchimba upande wa pili wa beseni, karibu na ufa wa magharibi. Huko ndiko Ngamia-1 ilipokuta mafuta, kwa jumla zaidi ya mita 100 za miamba iliyoyabeba. Baada ya hapo visima vilifuatana kama watoto wa mama mmoja. Vilipewa majina ya wanyama na miti: Twiga kwa Kiswahili, na kwa Kiturkana Ekales ambaye ni mbuni, Etuko ambaye ni punda milia, Etom ambaye ni ndovu, na Ewoi ambao ni mgunga.

Mwaka 2021 kampuni ilikadiria kwamba mapipa milioni 585 yanaweza kutolewa kwa muda wote wa uhai wa visima hivyo. Hiyo ni sehemu ndogo tu ya mafuta yaliyomo mawe yale, kwa kuwa mengi hung'ang'ania vitundu vyake na hayatoki. Kwa nchi ambayo hununua nje mafuta yote inayotumia, mapipa milioni 585 si haba. Lakini dunia hutumia karibu mapipa milioni 100 kila siku. Hazina yote ya Lokichar, iliyochukua mamilioni ya miaka kuiva, ingetosha dunia kwa muda usiofika wiki moja.

Mafuta yanayoganda

Mafuta ya Lokichar yana tabia moja iliyowasumbua wahandisi tangu siku ya kwanza. Kwa kuwa yalitokana na mwani wa ziwa, yana nta nyingi. Chini ya ardhi, kwenye joto, ni maji. Yakitoka juu yakapoa, huganda kama samli asubuhi ya baridi. Hata jua la Turkana halitoshi kuyaweka laini wakati wote.

Mtu akiyaweka kwenye bomba la kawaida, bomba litaziba. Lazima bomba lipashwe moto njia nzima hadi baharini. Kutoka Lokichar hadi Lamu ni zaidi ya kilomita 800. Mafuta ya Uganda, kwenye beseni la Ziwa Albert, yana tabia hiyohiyo, na wakati mmoja kulikuwa na mpango wa nchi hizi mbili kujenga bomba moja lipitie Lokichar na kugawana gharama. Mwaka 2016 Uganda iliamua kupitisha lake Tanzania, kutoka Hoima hadi Tanga, kilomita 1,443. Kenya ikabaki na mafuta yake, nta yake na njia ndefu ya kubeba peke yake.

Serikali iliamua kujaribu kwa malori. Mnamo Juni 3, 2018 Rais Uhuru Kenyatta alizindua safari ya kwanza ya malori yaliyobeba mafuta ghafi katika matangi yaliyokingwa yasipoteze joto, kutoka Turkana hadi Mombasa. Kabla mwezi haujaisha, wakazi walifunga barabara. Walisema wanashambuliwa na wezi wa mifugo bila ulinzi, huku malori ya mafuta yakisindikizwa, na kwamba kazi na zabuni zinakwenda kwa watu wa nje. Malori yalisimama hadi mazungumzo yakafanyika, yakaanza tena Agosti. Kiasi kilichokuwa kikisafirishwa kilifika mapipa 2,000 kwa siku.

Agosti 2019, meli ya kwanza yenye mafuta ya Kenya, takriban mapipa 240,000, iliondoka Mombasa. Picha zilipigwa, hotuba zikatolewa. Mwaka uliofuata mradi wa malori ulisimamishwa. Mvua zilikuwa zimeharibu barabara, bei ya mafuta duniani ilikuwa imeanguka kwa sababu ya korona, na kampuni ilikuwa ikipunguza matumizi. Mwaka 2023 washirika wake wawili, Africa Oil na TotalEnergies, walijitoa. Mwaka 2025 Tullow nayo ilikubali kuuza mali yake yote ya Kenya kwa kampuni ya Gulf Energy, kwa bei isiyopungua dola milioni 120.

Maji kwanza

Ukiuliza familia za vijiji vilivyo karibu na visima, kama Nakukulas, jambo la kwanza la siku si mafuta. Ni mtungi.

Kiangazi kinapokolea, kina mama na wasichana huteremka kwenye laga wakachimba mchangani kwa mikono na bakuli. Mwanzoni maji yako karibu. Wiki zinavyopita shimo linazidi kwenda chini, hadi anayechota anasimama ndani na mwenzake anapokea juu. Maji huja taratibu, kikombe baada ya kikombe. Anayengoja na punda wake hupanga foleni. Msichana anayekuwa wa mwisho kwenye foleni huwa wa mwisho kufika shuleni, au hafiki.

Visima vya pampu vipo, lakini si kila mahali, na si vyote vina maji ya kunyweka. Mashapo yaleyale ya kale yaliyohifadhi mafuta yana chumvi zake, na sehemu nyingi za Bonde la Ufa zina madini ya floridi yanayogeuza meno ya watoto rangi ya kahawia. Mwaka 2013 nchi nzima ilishangilia habari kwamba kuna akiba kubwa ya maji chini ya ardhi huko Lotikipi, kaskazini magharibi mwa Turkana. Vipimo vya baadaye vilionyesha maji yenye chumvi nyingi mno kwa matumizi ya nyumbani. Kisha kati ya 2020 na 2023 misimu mitano ya mvua mfululizo ilikosekana, na mifugo ikafa njiani kuelekea malishoni.

Wakati huohuo, Ziwa Turkana limekuwa likifurika na kumeza nyumba na miti ya ufukweni, nalo maji yake ni ya magadi. Maji mengi upande mmoja, kiu upande mwingine.

Hapa ndipo hadithi ya mafuta na hadithi ya maji zinapokutana. Ili mafuta yatoke kwenye miamba ya Lokichar kwa miaka mingi, haitoshi kutoboa. Lazima maji yasukumwe chini kwa nguvu ili yayafukuze mafuta kuelekea visimani, na kwa sababu ya ile nta, maji hayo yanatakiwa yawe ya moto. Mpango uliotayarishwa ni kuyaleta kwa bomba kutoka bwawa la Turkwel, lile linalozalisha umeme kwenye korongo la mpakani mwa Pokot Magharibi, na kuacha sehemu ya maji hayo kwa matumizi ya vijiji.

Wazee hawahitaji mhandisi awaeleze uzito wa jambo hilo. Mto Turkwel ndio unaowapa maji watu wa Lodwar na mifugo ya nyanda nzima. Bwawa lilipojengwa na kukamilika mwanzoni mwa miaka ya 1990, mto uliokuwa na desturi yake ulibadilika, na misitu ya kandokando ikabadilika nao. Maswali yao ni mepesi. Mwaka wa kiangazi, maji yakipungua bwawani, nani atafungiwa bomba kwanza: kisima cha mafuta au kijiji? Na makubaliano hayo yameandikwa wapi?

Mali na daftari

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Mafuta ya Lokichar yana daftari tayari, angalau kwenye karatasi. Sheria ya Petroli ya mwaka 2019 inasema kwamba katika sehemu ya mapato inayoiangukia serikali, asilimia 75 ni ya serikali ya kitaifa, 20 ni ya kaunti, na 5 ni ya jamii ya mahali mafuta yanapotoka.

Asilimia 5 hiyo ndiyo inayozungumzwa zaidi majumbani. Jamii ni nani? Ni wale wa kijiji kilicho karibu na kisima, au wote wa eneobunge, au kila Mturkana? Mfugaji aliyehamisha mbuzi wake kilomita 60 kutafuta nyasi siku ya kuhesabiwa, jina lake litaandikwa na nani? Ardhi yenyewe kwa sehemu kubwa haina hati ya mtu mmoja. Ni ya jamii, na mahali ambapo haijasajiliwa kaunti huishika kwa niaba yao. Viwanja vya visima vimezungushiwa ua, na baadhi vimekatiza njia ambazo mifugo imepita tangu enzi za mababu.

Familia zilishaonja ladha ya yale yanayokuja na yanayoondoka. Miaka ya uchimbaji mkali, kati ya 2012 na 2015, vijana waliajiriwa kulinda viwanja, kuendesha magari na kupika kambini. Nyumba za kupanga zilijengwa Lokichar, nyingine kwa mkopo. Bei ya mafuta duniani ilipoanguka, mitambo ilifungwa na kambi zikapungua. Wapangaji waliondoka, deni likabaki. Walioendelea vizuri zaidi ni wale ambao mshahara wa kambini ulinunua mbuzi, ulilipa karo, au ulifungua duka dogo lisilotegemea kampuni. Somo hilo halihitaji chuo kikuu: kazi ya mafuta ni ya msimu kama laga, na anayechota wakati maji yapo ndiye anayekunywa baadaye.

Kwa mgeni anayetaka kuyaona haya kwa macho yake, Lokichar haina jumba la kumbukumbu wala mwongozaji wa watalii. Viwanja vya visima haviingiliwi bila ruhusa, na barabara za ndani kuelekea Lokone na Loperot zinataka gari la nguvu, mwenyeji anayezijua, maji ya kutosha na kuuliza kwanza hali ya usalama. Lakini hata barabarani, bila kwenda popote, kuna cha kuona. Upande wa magharibi ni vilima vya mawe ya kale. Upande wa mashariki ni tambarare. Mpaka kati yao, ambao hauna alama yoyote, ndio ukingo wa beseni.

Jioni jua likishuka nyuma ya vilima, mifugo inarudi na vumbi lake. Kwenye laga bado kuna watu. Kiswahili kimetumia neno moja kwa mashimo mawili: kisima ni kile cha Ngamia-1, kilichogharimu mamilioni ya dola na sasa kimezibwa kwa chuma kikingoja siku yake, na kisima ni hiki cha mchangani, kilichochimbwa leo kwa bakuli na ambacho mvua ikija kitafukiwa. Vyote viwili vinatafuta mabaki ya maji, cha kwanza ya ziwa la mamilioni ya miaka iliyopita, cha pili ya mvua ya mwezi uliopita.

Msichana wa mwisho anajitwika mtungi wake na kupanda ukingo wa laga. Ikiwa siku moja mafuta ya Lokichar yatafika Lamu au Mombasa na meli zikajazwa, watu wa hapa hawatahesabu mapipa ili kujua kama hazina hiyo imewafaa. Watatazama saa ngapi msichana huyu amefika shuleni.